Nilimfunga Baba Mtoto kwa Jumamosi Sita

Siku mtalaka wangu alipopelekwa jela, nilitoka mahakamani nikanunua soda baridi, nikainywa taratibu nimeegemea ukuta.

Sijawahi kunywa soda tamu kama ile.

Tulipoachana, mahakama ilimpa yeye binti yetu wa miaka kumi na moja. Mimi, fundi cherehani mwenye chumba kimoja, nikapewa Jumamosi. Saa tatu asubuhi hadi jioni. Amri ikagongwa muhuri.

Miezi mitatu alimleta bila shida. Halafu ghafla, akaacha kumleta.

Nikipiga simu, mara mtoto ana homa, mara ana mtihani. Jumamosi sita nilikaa mlangoni na gauni nililomshonea, macho barabarani.

Nikasema huyu ananifanya bwege. Nikamburuza mahakamani kwa kudharau amri.

Hakimu alimuuliza kama amri aliipata. Akajibu aliipata na aliielewa vizuri.

"Sasa kwa nini hukumleta mtoto?"

Alinitazama weee, kisha akainamisha kichwa. "Sina sababu, mheshimiwa. Nimekosa."

Mwezi mmoja ndani.

Jioni ile ile wifi yangu, dada yake, akaniletea binti akae kwangu hadi baba yake atoke. Mtoto alinipita mlangoni bila salamu, akajibanza nyuma ya cherehani, uso ukutani.

Nikaanza kumponda kaka mtu. Wifi akanikata kauli.

"Wifi, mtoto ndiye aliyekataa kuja. Kila Jumamosi analia mpaka anatapika. Anasema unamhoji kama askari. Nani analala kwa baba, nani anampikia, baba anakusema nini."

Nilibabaika. Nikauliza kwa nini basi kaka yake hakumwambia hakimu.

"Hata mimi nilimuuliza. Akasema, yule ni mama yake, akiyasikia haya yatamuua."



Asubuhi nilikimbilia kwa wakili nifute kila kitu. Akaniambia adhabu ile ni ya mahakama, si yangu tena, labda tuombe. Tukaomba. Tukapangiwa tarehe siku nne baada ya kifungo kuisha.

Alitoka amekonda, na kazi yake ya udereva ilishachukuliwa na mwingine. Hakunilaumu hata kwa neno moja. Afadhali angenitukana.

Siku hizi anamleta kila Jumamosi, saa tatu kamili. Binti anakaa kwenye stuli, begi mgongoni, halivui. Simhoji tena kitu. Nikimuuliza kama ana njaa, ananijibu, "Hapana, asante," kama anavyomjibu mgeni.

Wewe uliyeshika amri yako mkononi ukitaka kumkomoa mwenzio, kaa kwanza na mtoto umsikilize.

Mimi nilishinda kesi. Amri yangu inatekelezwa neno kwa neno.