Ukanda wa Juu wa Picha

Pale kituo cha afya walimwita Fundi Picha, na jina likamkaa. Mashine yake ya eksirei ilikuwa kuukuu, ya kutoa filamu za kutundika kwenye taa. Daktari wa kuzisoma alihamishwa, na mwingine hakuletwa. Badala yake ikaletwa simu yenye programu ya akili bandia. Fundi alitundika filamu, akaipiga picha kwa simu, na kufumba na kufumbua jibu likatoka: kifua safi, au mgonjwa apelekwe hospitali kubwa.

Wakaibatiza Profesa. "Profesa halali, haombi likizo, wala hanuni," mama wa mapokezi alipenda kusema, na Fundi Picha alicheka kila mara kana kwamba anaisikia kwa mara ya kwanza.

Waliomfundisha kuitumia walimsisitizia jambo moja: jina la mgonjwa lisionekane. Pale kituoni jina liliandikwa juu kabisa ya filamu, karibu na mabega. Basi kabla ya kutuma picha, Fundi Picha alikata ukanda wote wa juu kwa kidole kwenye simu, chapchap. Alijivunia hilo. Siri ya mtu haikuwahi kuvuja mikononi mwake.

Mkewe alipoanza kukohoa na kulalamika bega, alimpiga picha mwenyewe. Profesa akasema safi. Miezi ikapita, kikohozi kikagoma kuondoka, mkewe akaomba waende hospitali kubwa.

"Mama watoto, acha kujitia ugonjwa," alimwambia. "Profesa ameshasema. Unajua kuliko yeye?"

Mkewe akarudi jikoni. Na yeye, bwana mkubwa, akaona ameshinda hoja.

Alimpeleka siku mkewe alipokohoa damu. Daktari bingwa alimwita Fundi Picha pembeni, akaitundika ile filamu ya zamani kwenye mwanga. Hakuhitaji hata kuinama. Juu kabisa ya pafu la kulia, chini tu ya jina la mkewe, palikuwa na uvimbe.

"Hapa ulikuwa mdogo, tungeukata," daktari alisema. "Sasa umeshasambaa. Nani aliisoma hii?"

"Kompyuta, daktari."

"Na haikuona kitu kama hiki?"

Haikuona kwa sababu haikuonyeshwa. Alikuwa ameukata uvimbe pamoja na jina, kwa mkono wake, kama alivyokata kila kifua tangu Profesa aje. Akawakumbuka watu waliotoka chumbani mwake wakimshukuru, wakaenda zao nyumbani na vikohozi vyao. Alitamani ardhi ipasuke immeze.

Wodini mkewe alikuwa amelala chali, amekonda, macho yamekuwa makubwa.

"Baba watoto, wamesemaje? Profesa alikosea?"

Akakaa ukingoni mwa kitanda. Neno la kweli lilikuwa mdomoni, naye alijua kabisa kwamba wako wengine wanaolihitaji, walio hai bado. Akamtazama mkewe, ujasiri ukamwishia.

"Alikosea," akasema.

Mkewe akautafuta mkono wake, akaushika. "Basi usijilaumu, mume wangu. Wamekupa mashine mbovu, ungefanyaje?"

Fundi Picha akaangua kilio mbele ya wodi nzima, na mgonjwa ndiye aliyembembeleza.