Hukumu ya Jefwa Ambayo Haikusomwa

Saa mbili kasorobo asubuhi. Milango ya mbele ya korti bado imefungwa, lakini Dama Chirau amekwishaingia kwa mlango wa nyuma, na meza yake haionekani kwa mafaili. Anafungua lililo juu, anasoma hoja za mawakili wa pande zote mbili, kisha anasimama kwenda rafuni kuhakikisha kwamba kesi ya zamani waliyoitegemea ipo kweli na inasema wanachodai inasema. Leo haisemi. Anapiga mstari kwa kalamu nyekundu, anahema, anaketi tena.

Ni wiki yake ya mwisho kazini. Hakuna aliyemfukuza.

Dama ni mtafiti wa sheria, msaidizi wa jaji wa Mahakama Kuu kisiwani Mombasa. Kabla jaji hajaandika neno, yeye ndiye anayelisoma faili kutoka jalada hadi jalada, anayefupisha ushahidi, anayechimbua sheria na kuandika rasimu ya kwanza. Jaji huibadilisha, huikataa au huikubali.

"Watu hudhani hukumu humshukia jaji kama ndoto," anasema. "Jaji asubuhi ana mauaji, adhuhuri ana mashamba, alasiri ana ndugu wanaogombania urithi. Lazima mtu amtangulie kwenye faili. Mtu huyo ni mimi."

Mtu huyo hatajwi popote. Hukumu hutoka na jina la jaji peke yake, na Dama hajawahi kuona ubaya katika hilo. Anayebeba lawama ndiye mwenye jina, anasema.

Ana umri wa miaka thelathini na sita. Alizaliwa Kaloleni, akalelewa Buxton, ambako baba yake alihamia alipopata kazi ya reli. Alisomea sheria Nairobi, kisha akarudi kisiwani na kuajiriwa kwa mkataba, kwa mshahara ambao, kwa maneno yake, wakili mchanga wa mjini huupata kwa kesi mbili za ajali. Hakujali. Alikuwa amepata mwalimu.

Mwalimu huyo ni marehemu Jaji Kasyoka. (Majina ya majaji na ya walalamishi katika makala haya si yao halisi.) Alikuwa mama mfupi kutoka Machakos, mkali wa saa, asiyetaka kiyoyozi hata mwezi wa Februari. Alikuwa na desturi moja ambayo Dama hakuiona kwa jaji mwingine. Akishasoma rasimu, aliifunika, akavua miwani, akamwambia Dama asimame amtetee yule aliyeshindwa.

Na Dama alisimama kweli, katikati ya chumba, akabishana na maandishi yake mwenyewe. Mara nyingi rasimu ilibaki kama ilivyo. Mara mojamoja jaji aliichana mbele yake bila hasira, akamwambia wakaanze upya.

Hivyo ndivyo ilivyokwenda kesi ya Jefwa.

Jefwa na wenzake sita walikuwa hamali katika godauni moja Shimanzi. Kazi yao ilikuwa kupakia klinka, vile vijiwe vyeusi vinavyosagwa kuwa saruji. Vumbi lake waliliita moshi, maana liliingia hata ndani ya chai. Walifanya kazi hiyo miaka mingi wakiwa wamejifunga vitambaa usoni. Walipoanza kukohoa waliambiwa ni pumu, wengine wakaambiwa ni kifua kikuu, wakameza dawa za kifua kikuu ambazo hazikuwasaidia. Walikuwa wameshaacha kazi zamani pale daktari mmoja mgeni alipowapiga picha za kifua na kuwaambia kwamba mapafu yao yameshiba vumbi. Ndipo walipofungua kesi.

Mwenye godauni hakubishana sana kuhusu vumbi. Wakili wake alisema tu kwamba wamechelewa. Sheria humpa mtu aliyeumizwa miaka mitatu ya kushtaki, nao walikuja ikiwa imepita mitano.

Rasimu ya kwanza ya Dama ilikubaliana na wakili huyo. Aliiona kesi nyepesi, ya kusikitisha lakini nyepesi. Jaji Kasyoka aliisoma, akaifunika, akavua miwani.

Dama akasimama kumtetea Jefwa. Anakumbuka kwamba alianza kwa uvivu, akidhani hana la kusema. Kisha akajisikia akisema kwamba sheria hiyo hiyo ina mlango mdogo: mtu asiyejua kinachomuumiza, na asiyekuwa na njia ya kujua, hahesabiwi muda. Watu hawa walitibiwa ugonjwa usiokuwa wao. Wangemshtaki vipi mwenye vumbi, ilhali hospitali yenyewe iliwaambia ni kifua kikuu?

"Nilipomaliza, Mheshimiwa alivaa tena miwani yake," Dama anasimulia. "Halafu akaniuliza, 'Wewe unaamini ulichokisema, au unanifurahisha?' Nikamwambia naamini. Akasema, 'Hata mimi. Basi kaandike.'"

Aliandika. Jaji aliongeza kurasa zake, akaondoa maneno aliyoyaona ya mbwembwe, akapanga fidia ya kila mmoja. Ijumaa aliichukua rasimu nyumbani aisome mara ya mwisho. Hukumu ilikuwa isomwe Alhamisi iliyofuata. Alisema atatia sahihi Jumatatu.

Jumapili mchana Cynthia, katibu wa jaji, alimpigia Dama simu. Jaji alikuwa ameanguka nyumbani baada ya kurudi kanisani. Kiharusi. Hakufika hospitali.

Sheria ina neno kwa mambo kama haya. Hukumu iliyoandikwa na kutiwa sahihi, jaji mwingine anaweza kuisoma kwa niaba ya mwenzake. Isiyotiwa sahihi ni karatasi tu. Si sehemu ya faili, na hakuna anayepaswa kujua kwamba ilikuwapo.

Alhamisi ilipofika, Jefwa na wenzake walikuja. Hakuna aliyekuwa amewaambia habari ya kifo. Walitoka Kaloleni na Mariakani alfajiri, wamevaa mashati ya Jumapili, wakaketi kwenye benchi la ukumbini wakisubiri jina lao liitwe. Karani aliwatangazia kwamba jaji ameaga dunia na tarehe mpya itatolewa. Wenzake wakainuka. Jefwa alibaki akivuta pumzi, kwa kuwa ngazi zilikuwa zimemchosha.

Alimjua Dama kwa sura. Alimdhania karani, kwani kila akija alimwona akipita na mafaili, na mara moja Dama alimletea kiti. Akamwamkua, akampa pole ya msiba. Kisha akamwuliza kwa sauti ya chini:

"Mwanangu, wewe wakaa humu ndani. Ile kesi yetu yaelekea wapi?"

Dama anasema alikuwa na jibu lote kinywani: nani kashinda, kwa sababu gani, na kila mmoja atalipwa nini. Lakini alikuwa ameapa kutunza siri za ofisi ya jaji, na tena aliona kwamba kumwambia mtu ameshinda kitu kisichokuwapo ni kumdhihaki.

"Mimi sijui, baba," alimjibu. "Tuombe Mungu."

Mzee akamshukuru.

Faili lilikaa miezi kadhaa kabla ya kupewa jaji mpya, mwanamume mpole aliyesifika kwa umakini. Dama hana neno baya juu yake, na hilo, anasema, ndilo linalomkereketa zaidi, kwa sababu hana wa kumlaumu. Siku ya kwanza jaji huyo alimwita akamwambia kwamba amesikia ipo rasimu ya marehemu na hataki kuiona. Hakutaka kuhukumu kwa kichwa cha mtu mwingine. Dama aianze kazi kana kwamba faili limefika leo.

Akaianza. Akaandika hoja ile ile ya mlango mdogo, safari hii akijua kila kona yake. Jaji aliisoma yote, akamwita wakae. Aliuliza maswali mazuri. Akageukia ushahidi wa mmoja wa walalamishi, aliyesema kortini kwamba mwenzao wa kwanza alipofariki, wakiwa bado kazini, godauni zima lilinong'ona kwamba ni vumbi. Basi walikuwa na shaka, akasema jaji, na mwenye shaka anatakiwa aulize.

Dama alimkumbusha kwamba waliuliza, wakajibiwa kifua kikuu. Alimkumbusha mara mbili. Anakiri kwamba mara ya pili sauti yake ilipanda.

"Umeniandikia vizuri, Dama," jaji akamwambia, "lakini hapa moyo wako umetangulia sheria. Nirudishie rasimu inayoitupa kesi kwa sababu ya muda."

Ni yeye aliyeiandika. Ndiyo kazi. Ushahidi ni ule ule, mawakili ni wale wale, sheria ni ile ile, hata mkono ulioandika ni ule ule. Kilichobadilika ni aliyeketi ng'ambo ya meza. Jambo moja tu aliomba: kila upande ubebe gharama zake, wazee wasitoke kortini wakidaiwa na waliowaumiza. Jaji akakubali papo hapo.

"Nikiulizwa nilifanya nini katika kesi ile," anasema Dama, "ni mstari huo mmoja, mwishoni kabisa."

Siku ya kusomwa hukumu alisimama nyuma ya chumba. Jefwa hakuelewa Kiingereza cha jaji, akawa anamtazama wakili wake usoni ili asome humo. Walipotoka, alimkuta Dama mlangoni, naye Dama akashindwa kumtazama. Mzee ndiye aliyemfariji. Alisema wao hawana ugomvi na korti. Sheria imesema wamechelewa, na mwenye kuchelewa hana wa kumlalamikia.

Wakili wao alikata rufaa. Jefwa alifariki masika yaliyofuata, kabla rufaa haijasikizwa. Majaji wa rufaa walikubaliana na hukumu, na waliisifu kwa jinsi ilivyoandikwa. Dama alilisoma fungu hilo la sifa akiwa mezani pake, kisha akaenda akafunga mlango wa choo, akalia.

Juma lililofuata aliandika barua ya kuacha kazi. Jumamosi yake akapanda gari kwenda Kaloleni.

Anajua kwamba wako watakaosema amevunja kiapo, na anajua kwamba makala haya huenda yakamfungia milango aliyokuwa akiitazamia, ukiwamo wa uhakimu. Anasema kesi imekwisha ngazi zote, na wafu wawili hawana wa kuwasemea. Alimkuta mke wa Jefwa akipukuchua mahindi uani. Alijitambulisha vizuri kwa mara ya kwanza, akaeleza kazi yake ilikuwa nini. Kisha akamwambia: "Mama, mlikuwa mmeshinda. Jaji wa kwanza aliwapa haki yenu. Alikufa kabla hajatia sahihi."

Mama aliendelea na mahindi yake kwa muda. Ndipo akauliza, "Mume wangu alilijua hilo?"

"Hakulijua, mama."

"Basi na mimi ungeniacha hivyo hivyo."

Hakumfukuza. Alimpikia chai, wakainywa, na hawakuzungumza tena habari ya kesi. Lakini Dama alirudi mjini akiwa na mzigo mzito kuliko aliokwenda nao. Alidhani ukweli ungemsaidia yule mama, kumbe umempa tu kitu kingine cha kuomboleza.

Wiki ile ya mwisho kortini imekwishapita. Sasa amekodi chumba ghorofani Mji wa Kale, juu ya duka la vitambaa, na ndani mna meza moja na viti vya plastiki. Hana wateja wa kutajika. Rufaa ya kina Jefwa asingeweza kuigusa hata ingekuwa hai, kwa kuwa alikaa upande wa ndani. Mpango wake ni mwingine. Anataka kuwafikia walio kazini leo, kabla kifua hakijawafunga na miaka mitatu haijapita. Anataka apate daktari wa kushirikiana naye, na kila mwezi wapite kwenye malango ya magodauni saa ya chakula, yeye aeleze sheria, daktari asikilize vifua.

Daktari bado hajapatikana. Jumatano iliyopita alikwenda peke yake.

Ilikuwa adhuhuri, malori yamepanga foleni kutoka Shimanzi kuelekea Makupa, na wachukuzi wameketi kwenye kivuli cha ukuta wakila maharagwe na chapati, nyusi zao nyeupe kwa unga wa shehena. Aliwaamkua, akajieleza. Wengi waliendelea kula. Mmoja alimwuliza anauza nini. Aliwaambia hauzi kitu. Alitaka wajue kwamba wakianza kukohoa wasinyamaze, watafute kujua sababu, na wakishaijua wasikae nayo, kwani sheria haimngoji mtu apone.

Hamali mmoja wa makamo, aitwaye Kombe, alikuwa ameacha kula ili amsikilize. Dama alipomaliza, Kombe akafuta mikono kwa kitambaa alichojifunga shingoni.

"Dada, nikuulize. Tukiwahi kama usemavyo, tutashinda?"

Wenzake walikuwa wameanza kucheka, wakijua jibu la mawakili.

"Hilo litategemea mtamkuta jaji gani kitini," Dama alimjibu. "Mkiwahi, huenda mkashinda, huenda mkashindwa. Mkichelewa, hayuko wa kuwasikiliza."

Kombe alitafakari, akatazama lile lango walikotakiwa kurudi. Kisha akamwuliza ofisi yake iko mtaa gani, na kama Jumamosi huwa wazi.