Sinema Bubu Pale Mazwi

Kazi yangu ni kusema. Kwenye kibanda umiza chetu cha Mazwi filamu za kigeni hazieleweki mpaka nishike maiki, niwasemee mashujaa kwa Kiswahili na kuwaongezea utani ambao wenyewe hawakuwa nao. Mama yangu, mkulima wa ulezi huko Kaengesa, hakuwahi kuiita hiyo kazi. Nilitamani sana abadili neno, ndiyo maana Jumapili moja baada ya misa nilimleta kwa bodaboda. Vijana walimpa shikamoo zake, wakamwachia nafasi kwenye benchi la kati.

Flashi niliyoazima ilikuwa na filamu fupi ya zamani mno, isiyo na sauti hata kidogo. Mwenzangu yeyote angeiruka. Mimi nilifurahi, maana hapakuwa na wa kunibishia.

Ilimwonyesha mjane na wanawe. Anawagawia viazi vyote vilivyomo sufuriani, yeye habaki na kitu. Mara majirani wanabisha hodi. Haraka haraka anajipaka mafuta midomoni, ing'ae kama ya mtu aliyetoka kula nyama, ndipo anafungua mlango huku akitabasamu.

Hapo nikajimwaga. Nikamfanya alie njaa, awabembeleze majirani wampe japo mfupa. Watu walikuwa hoi kwa kicheko. Ndipo mama akasema kutoka pale alipokaa, bila ukali wowote:

"Mwanangu, mwache mama wa watu. Anaficha njaa yake, wewe unaitangaza."

Uso uliniwaka moto. Nikazima maiki, nikisubiri watu wadai viingilio vyao. Hakuna aliyeinuka. Walimtazama mjane akiwakaribisha wageni, akikataa kwa adabu chakula walichomletea. Hata yule mshikaji anayenizomea kila wiki alitulia tuli.

Tulirudi kwangu, hapo hapo Mazwi, kwa miguu, mama akitaka kunyoosha magoti. Njiani alikiri kwamba kumbe ni kazi, ila niwe najua pa kunyamaza. Nilijisikia vizuri kupita kiasi. Tulipokaribia nyumbani akapunguza mwendo.

"Sisi tulitumia mafuta ya alizeti," akasema. "Hukujua?"

Nikamwambia sikujua kabisa, kila jioni nilipoona midomo yake inang'aa niliamini ameshakula. Mama akacheka kwa furaha, akanishika mkono, akaniomba nilirudie jibu hilo.