Bonge la Chumvi la Mama

Juzi mjukuu wangu kaniuliza, bibi, ukiondoka utaniachia kitu gani nikukumbuke? Nikacheka mpaka kanga ikanidondoka. Swali hilo mimi nilijibiwa zamani, wakati wa Mwingereza, meno yangu ya mbele yakiwa bado yanang'oka.

Mama yangu alikuwa mpika chumvi kule Ivuna. Kiangazi wanawake walikwangua udongo wa chumvi, wakauchuja kwa maji, wakayachemsha maji yale mpaka chunguni yabaki mabonge meupe. Moshi wake ulivyowasha macho, sikwambii. Siku hizi nanunua ya pakiti hapo Tunduma, haina hata harufu. Haya, tuendelee.

Mama akafariki. Baba alikuwa migodini ng'ambo ya mpaka, kwa hiyo nikabaki na bibi mzaa mama. Nguo za marehemu wakagawana mashangazi. Kilichobaki ni bonge moja la chumvi, limefungwa kwa majani makavu, bibi kalining'iniza juu ya moto.

Kila alipolitazama nilijua anawaza mboga. Na jirani yetu, mama mmoja aliyekuja kila asubuhi kuomba kaa la moto na kuondoka na umbea, akaniita askari wa chumvi kwa nilivyolilinda bonge lile. Nikalishusha, nikalificha kwenye chungu kikuukuu nyuma ya kihenge, mbali na moto na mbali na midomo yao. Zikaja mvua, nyumba nzima unyevu mtupu. Kufunua chungu, bonge limeyeyuka, majani yanaelea. Nililia kuliko siku ya msiba.

Bibi hakunigombeza. Alichovya kidole, akalamba. Aliyeipika chumvi ile alikuwa mwanawe. Kisha akamimina maji yale kwenye mlenda, akamwita na jirani, akanimegea ugali wa ulezi kwa mkono wake.

“Kula, mama. Mama yako alipika chumvi ili iliwe.”

Nikala. Ilikuwa ladha ile ile ya mama, uchungu kidogo mwishoni, na moshi. Jirani siku hiyo hakuwa na utani. Alilamba vidole akiinamisha uso.

Bibi alishakwenda. Chungu kilivunjika tulipohama, na wapika chumvi wa kule siwasikii tena. Sina hata kigae. Ila nikionja mboga najua imekolea au bado, simuulizi mtu.

Basi mjukuu nikamwambia, leta sufuria, ukae hapa karibu.