Bao la Mgongo la Fermín Ovelar

Mjini Pilar, Fermín Ovelar hamalizi mtaa mmoja bila mtu kumpiga kofi la mgongoni. Kinyozi humpiga, wauza samaki humpiga, na hata padre aliwahi kumpiga siku Fermín alipompeleka bintiye kubatizwa, mkono ukiwa bado umelowa maji ya baraka. Fermín hucheka na kwenda zake. Lakini ilimchukua muda mrefu kuzoea kucheka.

Alizaliwa nyumba ya tatu kutoka mtoni, mtoto wa Eulogia, mama aliyeuza chipa, mikate midogo ya jibini, kwenye kituo cha mabasi. Tangu utotoni alikuwa na mwili mpana na miguu mizito. Wenzake walipogawana timu, yeye alibaki wa mwisho. Hakuwa na mbio za beki wala pumzi za kiungo, basi wakamweka karibu na goli la wapinzani, wakamwambia, "Kaa hapo. Ukiuona mpira, upige." Akakaa. Mpira ulipokuja akaupiga, na kazi yake ikawa hiyo kwa zaidi ya miaka ishirini.

Akiwa na miaka kumi na tisa alichukuliwa na klabu moja ya mji mkuu, Asunción, akafunga mabao kumi na moja msimu wa kwanza. Kutoka hapo alikwenda Ekwado, kisha Peru, kisha Bolivia, kwenye mji wa juu milimani ambako mechi yake ya kwanza ilimtapisha pembeni mwa kibendera cha kona. Alichezea vilabu saba, akafunga mabao tisini na manne. Mengi aliyafunga kwa kichwa, mengine kwa goti, machache kwa ufundi. Timu ya taifa haikumwita. Mwaka mmoja magazeti yalimtaja, na wiki nzima alikwenda nayo simu hadi bafuni, lakini aliyepiga alikuwa fundi wa friji.

Mkewe, Lidubina, alihama naye kila mahali. "Mimi nimeolewa na masanduku," aliwaambia dada zake, lakini aliwaambia akiwa anacheka.

Alipofika miaka thelathini na mitatu, goti la kulia likimlia kila asubuhi, alirudi nyumbani kuchezea Ribereño, klabu ya mtaani kwao. Msimu huo Ribereño ikajitutumua na kufika mechi ya mwisho ya kupanda ligi kuu, dhidi ya timu kutoka Villarrica. Atakayeshinda anapanda. Mji mzima ulihamia uwanjani.

Dakika ya themanini na nane bado ilikuwa sifuri kwa sifuri. Fermín alikuwa ndani ya eneo la hatari la wapinzani, lakini macho yake hayakuwa mchezoni. Soksi ilikuwa imeshuka, kikinga ugoko kimetoka. Akawapa mgongo watu wote, akainama kukirudisha. Wakati huohuo Nicasio Duarte, beki wa Villarrica, aliupata mpira, akaamua kuubutua mbali kwa nguvu zake zote. Mpira ukampata Fermín katikati ya mabega, ukaruka juu, ukampita kipa aliyekuwa amesogea mbele, ukashukia wavuni polepole kama unaogopa kuumia.

Fermín alidhani amepigwa ngumi. Akageuka amekunja mkono. "Nani? Nani kanipiga?"

"Goli, mjinga wewe! Umefunga!" walipiga kelele wenzake, wakamwangukia wote kumi.

Kipenga cha mwisho kilipolia, mtangazaji wa redio alimkimbilia. Kocha alikuwa ameshamwambia mtangazaji huyo kwamba mbinu ile waliifanyia mazoezi wiki tatu. Mtangazaji akauliza, "Fermín, ulijuaje kwamba mpira ungepita pale?"

Fermín alimtazama kocha, aliyekuwa akimkonyeza kwa macho yote mawili. Kisha akasema, "Ndugu yangu, mimi sikuuona. Nilikuwa navuta soksi."

Pilar ilicheka usiku kucha. Walioshuku kwamba miaka ya ugenini ilimpa kiburi wakaacha kushuku siku hiyo. Hapo ndipo makofi ya mgongoni yalipoanza.

Yeye mwenyewe yalimchoma. Nyumbani kwa mama yake, akimenya muhogo, alisema, "Mabao tisini na manne, mama. Wanalikumbuka lile moja ambalo hata mimi sikuliona."

"Kwani walikuwa wanayakumbuka hayo mengine?" Eulogia aliuliza.

"Hapana."

"Basi lalamika vizuri. Na usikate vipande vikubwa hivyo."

Miezi miwili baadaye, dereva mmoja wa lori alileta habari za Nicasio. Kule Villarrica maisha yalikuwa yamemgeuka. Mtu alichora mgongo mkubwa kwenye ukuta wa nyumba yake. Klabu haikumpa mkataba mpya, na sasa alikuwa akienda dukani jua likiwa kali tu, wakati watu wamejifungia ndani. Fermín alisikiliza, chakula cha mchana akakiacha nusu.

Lidubina alimtazama. "Wewe Fermín, nenda ukamwone huyo mtu. Ukikaa hapa utaninunia mwezi mzima."

Akapanda basi, kikapu cha chipa za mama yake mapajani. Nicasio alifungua mlango kidogo, mtu mwembamba, mrefu, ndevu za wiki.

"Umekuja kufanya nini? Au ulisahau kunifunga jingine kwa tumbo?"

"Nimekuletea chipa."

"Zina sumu?"

"Ni za mama yangu. Mwambie yeye hivyo, uone."

Nicasio akakodoa macho, kisha akaufungua mlango wote. Walikaa uani wakipokezana pembe ya tereré, chai chungu ya majani yenye barafu. Ndipo Fermín akasema, "Ulipiga sawasawa, kaka. Beki yeyote angebutua. Mimi ndiye niliyekuwa mahali pasipo pangu."

"Watu hapa hawasemi hivyo."

"Ndiyo maana nimekuja. Ribereño hatuna beki wa kati. Tuliyenaye ana miaka arobaini na bado anaogopa mpira wa kichwa."

"Nije Pilar? Watanichinja!"

"Pilar? Wewe ndiye uliyetupandisha, bwana. Watakununulia nyama."

Na wakamnunulia. Siku ya kwanza alipoingia uwanjani Pilar, jukwaa zima lilisimama na kumshangilia kama mfungaji, naye akajifuta uso kwa fulana, akisingizia jasho.

Msimu wa ligi kuu ulikuwa mgumu. Fermín alifunga mabao manne tu, lakini Nicasio alisimama nyuma kama ukuta, na Ribereño ikaponea kushuka kwa pointi moja. Katikati ya msimu huo ilikuja Jumapili ya mvua. Mto ulikuwa umejaa, gari la televisheni lilikwama njiani, na waliokuwa jukwaani hawakuzidi mia mbili. Nicasio alipiga pasi ndefu kutoka nyuma. Fermín aliituliza kifuani, akamvisha beki kanzu kwa kuupitisha mpira juu ya kichwa chake, na kabla mpira haujagusa maji akaupiga kwa mguu wa kushoto, mguu ambao siku zote aliutumia kusimamia tu. Mpira ukaingia kwenye pembe ya juu. Watu mia mbili wakapiga mayowe.

Dakika kumi baadaye refa alivunja mchezo kwa sababu ya mvua. Mechi ikarudiwa Jumatano ikianza upya, na bao lile halikuandikwa popote.

"Pole, kaka," Nicasio alimwambia njiani kurudi, wote wawili viatu mkononi, maji yakiwafika magotini.

Fermín alipiga hatua chache ndani ya maji. Kisha akaanza kucheka, akacheka hadi akashika nguzo ya taa. "Lilikuwa zuri, eti?"

"Zuri kupita kiasi."

"Uliliona vizuri?"

"Nililiona lote, tangu mguuni kwangu."

"Basi inatosha."

Alistaafu akiwa na miaka thelathini na sita. Nicasio alioa msusi wa Pilar na hakurudi tena Villarrica, isipokuwa kumtembelea mama yake. Fermín akapewa kazi ya kutunza nyasi za uwanja na kuifundisha timu ya wanawake. Mshambuliaji wao wa kati, Graciana, ni karani wa posta mwenye miguu mizito na asiyependa kukimbia. Majuzi walishinda mechi yao ya kwanza, mawili kwa moja. Fermín alikaa benchi hadi kila mtu alipoondoka, akafunga lango la uwanja, akaenda nyumbani taratibu; Lidubina alikuwa amepika mchuzi wa samaki, na goti lilikuwa limetulia siku hiyo.