Ukuta wa Kibanda cha Moshi

Zamani Lindsay Geddes alipanda Bonde la Kerrin akiwa na mbwa saba nyuma yake na macho yake yote kwa kondoo. Miaka yake ya mwisho hapa alipanda na wageni saba ndani ya gari jeupe, nusu yao wamevaa masikio ya plastiki yenye ncha.

Nilimjua tangu mwaka 1966, tulipoajiriwa siku moja katika shamba la kondoo la Kerrin, hapa Otago, kusini kabisa mwa dunia, ambako Julai ni katikati ya baridi. Kila vuli watu kumi tulikwenda kuwateremsha kondoo kabla theluji haijafunga vilele. Kazi hiyo sasa inafanywa na helikopta moja asubuhi moja, na kondoo wanafika chini wakitetemeka kama wametoka vitani. Sisi ilituchukua siku tisa, kwa miguu, kila mtu na njia yake mlimani, mmoja juu ya mwingine. Lindsay alipewa njia ya juu kabisa, kwenye mawe. Hakuwahi kumpigia mbwa kelele. Mbwa akikosea, yeye alishusha sauti, na mbwa akaona aibu. Alilisha mbwa kwanza, akala baadaye, na kwa siku nzima ungemsikia akisema maneno kumi, manane kati ya hayo akiwaambia mbwa.

Julai ya 1968 watatu tulitumwa kukanyaga njia kwenye theluji ili kondoo waliokwama wapate pa kupita: Lindsay, mimi, na Wattie Imrie, aliyekuwa na miaka ishirini na miwili. Dhoruba ikatufungia siku sita katika Kibanda cha Moshi, kibanda cha mbao na mabati ambacho dohani yake haikuwahi kuvuta moshi vizuri. Kila jioni Wattie aliandika mstari mmoja ukutani kwa chaki nyekundu ya kuwekea kondoo alama. Palikuwa na majina mengi pale tayari, mengine ya wakati wa babu zetu. Siku ya saba tulitoka, theluji ikaporomoka, ikamchukua Wattie peke yake. Alipatikana Oktoba. Mama yake alipandishwa juu kwa farasi, akasoma ile mistari sita akiwa amesimama, akatuomba tu kwamba ukuta ule usiguswe. Tangu hapo Lindsay alikwenda kila mwaka kuziba mabati yanayovuja. Hakuna aliyemlipa.

Halafu wakaja watu wa filamu. Walitaka milima, na milima tunayo. Walikaa siku tisa pale Kibanda cha Moshi, wakakivika majani ya bandia kwa nje, wakakifanya nyumba ya mtawa mchawi katika hadithi ya wafalme na majoka. Walipoondoka walivua majani yao, ukuta wa ndani wakauacha ulivyokuwa. Nilidhani imekwisha. Kumbe dunia nzima ilikuwa imekaa mbele ya luninga ikitazama, na baada ya miaka michache ikaanza kuja.

Shamba la Kerrin likauzwa, mwenye mali mpya akaitaka nyumba ya shamba aliyokaa Lindsay. Ndipo Lindsay, akiwa na miaka sitini na nane, akaanza kuendesha gari la kampuni ya safari za nusu siku, kuwaonyesha wageni mahali filamu ilipopigwa. Mtu wa maneno kumi akapewa maikrofoni.

Sikulipenda jambo hilo tangu mwanzo, na kadiri lilivyoendelea nilizidi kulitilia shaka. Alinunua viatu vipya. Baani aliacha kukaa meza yetu. Nikitaja Kibanda cha Moshi anatazama dirishani. Kisha asubuhi moja ya Machi nikamwona akipakia mbao na ndoo ya misumari kwenye gari lake mwenyewe, akafunika kwa turubai, akashika njia ya bondeni. Siku yake ya mapumziko! Hao wapenzi wa filamu walikuwa wananunua kila kitu. Kuna aliyenunua geti bovu kwa sababu farasi wa mfalme alipita hapo. Nikajiuliza ukuta wenye maandishi mekundu ungeuzwa kwa kiasi gani, na nani angekuwa wa kuuchomoa ubao kwa ubao na kuweka mbao mpya mahali pake.

Nilikwenda kwa mkewe, Noeline, aliyekuwa akioka skonzi za kuwapa wageni na chai.

"Noeline, mumeo anazipeleka wapi mbao?"

"Muulize mwenyewe, Pollock. Mdomo anao."

"Anao, ila hautumii."

"Wako unatosha kwa wawili," akasema, akafunga mlango wa oveni kwa goti.

Hakucheka. Hilo nalo nililiweka moyoni.

Kwa hiyo nikakata tiketi. Lindsay aliponiona kituoni, nimesimama kati ya watu wenye majoho na mapanga ya plastiki, alikunja uso.

"Umekuja kufanya nini?"

"Nimelipa, bwana dereva. Nataka kuona majoka."

"Majoka yanakaa nyuma. Nenda huko."

Nilikaa karibu na mama mmoja mnene mwenye masikio ya ncha. Alinitazama ndevu kwa muda. "Na wewe uliigiza?" akauliza.

"Hapana mama. Mimi niko hivi hivi."

Gari likapanda. Lindsay alisema kwenye maikrofoni, kwa sauti ile ile aliyosema na mbwa: hapa majeshi yalivuka mto, hapa malkia alilia. Watu walishuka, wakapiga picha, wakapanda. Nilikuwa naisubiri njia panda ya Kibanda cha Moshi. Tulipoifikia hakupunguza hata mwendo. Moyo wangu ukasema, basi, amekwisha kukivunja, ndiyo maana hataki tukione.

Akasimamisha gari kilomita mbili mbele, chini ya Mgongo wa Mbwa Kiziwi, penye mawe ya zizi la zamani.

"Hapa ndipo palipokuwa na nyumba ya mtawa," akawaambia. "Na mlima ule nyuma yake unaitwa Mgongo wa Moshi."

Yule mama alipiga magoti kwenye mavi makavu ya kondoo, akaweka kiganja juu ya jiwe. Lakini Mholanzi mmoja mrefu, Joost, alikuwa na picha ya filamu kwenye simu, akawa anaiinua na kuishusha.

"Mlima haufanani," akasema.

"Waliubadilisha kwa kompyuta," Lindsay akajibu.

Sasa, lazima mjue jinsi tulivyolelewa mlimani. Mtu akitaja mlima kwa jina lisilo lake, aliye karibu humsahihisha pale pale, kwa sauti ya juu, hata kama aliyekosea ni tajiri mwenye shamba. Ukungu ukishuka, jina la uongo humpeleka mtu korongoni. Hatukungoja, hatukuoneana haya, na aliyesahihishwa hakukasirika. Nimefanya hivyo maisha yangu yote bila kufikiri, na siku ile nilifanya hivyo huku hasira ikinisukuma mgongoni.

"Huo si Mgongo wa Moshi!" nikapiga kelele. "Huo ni Mbwa Kiziwi! Moshi ni ule kule, nyuma ya kilele cheusi, na kibanda kiko chini yake, dakika arobaini kwa miguu kutoka njia panda tuliyoipita!"

Lindsay alinitazama, na uso wake haukuwa wa mwizi aliyekamatwa. Ulikuwa wa mtu aliyeangusha kitu kisimani.

Wageni walitaka kupelekwa. Walikuwa wamelipia, na mwenye kampuni alikuwa kwenye simu ya Joost kabla chai haijamiminwa. Tukarudi, tukapanda kwa miguu. Kibanda kilikuwa kimesimama, mabati yake mazima. Ndani, ukuta wote ulikuwa umefunikwa kwa mbao mpya, zimepangwa vizuri. Mbao zile zile za Machi.

Nilimfuata Lindsay nje. "Ukuta uko wapi?"

"Nyuma ya mbao. Wote. Wattie pia." Alikuwa akifunga kamba ya kiatu ambayo haikuwa imefunguka. "Miaka mitatu nimewaleta watu bondeni humu, Pollock, na hakuna aliyekanyaga hapa. Mbao niliweka kwa tahadhari, maana wengine walianza kuuliza maswali."

"Kwa nini hukuniambia?"

"Ungelala nalo usiku mmoja, kesho yake lingekuwa baani."

Ndani Joost alikuwa akipiga picha, watu wakisema ah na oh. Walikuwa na adabu, lazima niseme. Hawakuvunja kitu siku ile.

Jioni Joost akaweka ramani mtandaoni, na jina la Kibanda cha Moshi, na dakika arobaini zangu. Kampuni ilimfukuza Lindsay kwa kuwadanganya wateja. Majira ya joto yalipofika watu walikuwa wakipanda kila siku, wenyewe, bila mwongozaji. Mmoja akang'oa ubao ili aone kuna nini, akaona maandishi mekundu, akadhani ni ya filamu. Wengine wakafuata na misumeno midogo. Kufikia Februari ukutani palikuwa na tundu ambalo kondoo angepita, na mistari ya Wattie ilikuwa ndani ya mabegi, kwenye ndege, sijui kwenda wapi.

Nilipanda Aprili kujionea. Niliwakuta Lindsay na Noeline. Walikuwa wanahamia pwani kwa binti yao wiki ile. Noeline alikuwa ameketi juu ya ndoo, daftari gotini, kalamu mkononi. Lindsay alisimama mbele ya lile tundu, upepo unampiga kifuani.

Hakunisalimu. Alisema, "Tuna mistari mitano. Wa siku ya nne siukumbuki."

Niliukumbuka. Wattie aliandika siku ile kwamba Pollock anakoroma kama tarumbeta, na kwamba chai imekwisha, na kwamba akitoka atamnunulia mama yake kofia ya kijani. Nilimwambia yote, mpaka rangi ya kofia. Noeline aliandika polepole, akaniuliza tena neno moja, akaandika. Lindsay alisikiliza ameinamisha kichwa.

Kisha akamwinua mkewe kutoka kwenye ndoo, wakaanza kushuka. Goti la Lindsay lilikuwa baya kwenye mteremko, kwa hiyo Noeline alimshika mkono wa koti. Njia pale ni nyembamba. Nilitoka nikasimama kwenye nyasi ili wapite. Noeline akasema asante, kama unavyomwambia mtu yeyote uliyekutana naye njiani, na Lindsay akapita akiangalia anapoweka miguu.