Suruali ya Kupasuka

Mdogo wangu ni fundi cherehani, na simsifu kwa kuwa tumenyonya ziwa moja. Mshono wake ukitaka kuufumua, lete wembe na subira. Mama alitufunza hivyo. Ukikosea alikufumulia nguo yote, hata kama mwenyewe yuko mlangoni anaingoja.

Miaka sita amewashonea watangazaji wa televisheni. Kisha kikaja kile kipindi cha usiku, cha baba mzima anayekaa kwenye kochi na kuhoji wageni. Kichekesho chake ni kimoja: mgeni akifika penye maana, yeye anainama kuokota kalamu, suruali inapasuka matakoni, watu wanacheka. Basi. Mkunga mmoja alikuwa anaeleza mzazi alivyomfia mikononi. Suruali ikapasuka. Nikazima televisheni.

Na nani anaishona? Mdogo wangu. Mshono mlegevu, uzi uliooza, kwa makusudi.

"Dada, ni kazi tu."

"Ndiyo kazi aliyokufunza mama?"

"Mama hayupo. Bosi yupo."

"Mama hayupo, mkono wake unao wewe. Uoshe basi kabla hujanipakulia chakula."

Akanuna. Siku tatu kikombe changu cha chai alikisukuma mezani. Siku ya nne, akitoka kazini, akasema, "Leo usilale. Tazama."

Mgeni alikuwa mchimba visima, anasimulia mwanawe alivyofukiwa na udongo. Yule baba akainama. Suruali kimya. Akainama tena. Akachuchumaa, akajipinda, akarukaruka kama chura. Nikajua: mdogo wangu kashona mshono wa mama, mara tatu, kwa uzi wa viatu. Nikasema moyoni, leo yule baba ameumbuka.

Wapi. Watu studioni walicheka kuliko siku zote, wakapiga viti mateke. Mchimba visima habari za mwanawe hakuzimaliza.

Asubuhi bosi akamwita. "Fundi, umetuvunja mbavu. Kuanzia leo shona kama ulivyoshona jana."

Mdogo wangu akakunja futi yake ya kupimia, akachukua mkasi, akarudi nyumbani kabla ya saa sita.

"Niliwapa kibovu, wakacheka," akaniambia. "Nimewapa kizuri, wamecheka. Sirudi."

Akaketi kwenye cherehani ya mama, akavuta gauni langu, akaanza kufumua pindo ambalo halikuwa na kosa lolote. Nikamwacha.